Mazingaombwe ya Skyrim: yanamtuliza jambazi, yanashindwa na maiti

Jambazi anatoka nyuma ya mwamba, shoka mkononi. Unainua kiganja, unamtupia manuizo ya Calm, naye anasimama, anachomeka silaha kiunoni na kugeuka kama mtu aliyesahau alichotumwa. Unapita. Mbele kidogo, kwenye kambi ileile, anatokea mwenzake. Unamtupia manuizo yaleyale, kwa nguvu ileile, naye anakupasua kichwa.

Wachezaji wengi wa Skyrim ninaowafahamu hapa Mwanza, wale wenye laptopu za mtumba zisizoweza kubeba gemu za juzi, huachia hapo. Wanarudi kwenye moto na upanga. "Kaka, hii kitu inabahatisha tu," dogo mmoja wa Nyegezi aliniambia, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyedhulumiwa. Namwelewa. Ila haibahatishi. Katika Skyrim hakuna kete inayorushwa unaponuizia: kila aliyekushinda alikushinda kwa hesabu, na hesabu hiyo unaweza kuifanya kichwani kabla hujainua mkono. Shida ni kwamba gemu haikufundishi hesabu hiyo, na jina la elimu yenyewe linakupeleka pengine kabisa.

Kwa ambaye hajafika huko: Skyrim ilitoka tarehe 11 Novemba 2011, kazi ya Bethesda Game Studios, na ni ya tano katika mfululizo mkuu wa The Elder Scrolls. Dunia yake ni Skyrim, jimbo moja la bara la Tamriel, na uchawi wa humo umegawanywa katika elimu tano. Kuna Uangamizi, wa moto, barafu na radi. Kuna Uponyaji, kuna Ugeuzi wa maumbile, kuna Uitaji wa viumbe na wafu. Ya tano ndiyo Mazingaombwe. Majina ya manuizo yenyewe nayaacha kama yanavyoandikwa kwenye skrini, usije ukayatafuta usiyaone.

Sasa, neno mazingaombwe likitajwa, aliyesoma shule ya msingi nchi hii anamkumbuka yule bwana aliyekuja na begi lake, mwalimu mkuu akaruhusu, kila mtoto akatoa chochote, tukakaa chini uwanjani tukiangalia karatasi ikigeuka noti. Ile ilikuwa kazi ya macho. Kulikuwa na kitu, kikaonekana kingine. Ukiingia Skyrim na picha hiyo kichwani utasubiri sana. Hakuna joka la uongo unaloweza kuliweka angani, wala ukuta wa kubuni wa kujificha nyuma yake. Yule jambazi uliyemtuliza anakuona vizuri sana, wewe mwenyewe, na mfuko wako wa dhahabu. Alichonyang'anywa ni hamu ya kukupiga.

Tazama ziwa usiku wa giza, uone zile taa za wavuvi wa dagaa zilivyotapakaa hadi huko mbali. Taa haimdanganyi dagaa kwamba yeye ni kitu kingine au kwamba maji yamekuwa nchi kavu. Haimwonyeshi picha yoyote. Inamvuta tu, na akishavutwa, wavu unafanya kazi iliyobaki. Manuizo mengi ya elimu hii yako hivyo: hayagusi kinachoonekana, yanagusa kile ambacho aliyeona atakifanya.

Ukilishika hilo, mengine yote yanajipanga. Hisia zinazochezewa ni nne. Hasira iko kwenye Fury, na kwa kundi Frenzy, na kwenye kilele Mayhem. Hofu iko kwenye Fear, Rout na Hysteria. Utulivu ni Calm, Pacify na Harmony. Ushujaa, ambao watu wengi hawaugusi, uko kwenye Courage, Rally na Call to Arms, na huo unawatupia watu wako mwenyewe ili wasikimbie.

Hasira ndiyo tamu kuliko zote na ndiyo inayotumiwa vibaya kuliko zote. Fury humfanya aliyepigwa ashambulie yeyote aliye karibu kwa sekunde 30. Yeyote aliye karibu. Mkiwa wawili tu chumbani, wewe na yeye, basi aliye karibu ni wewe, na umemchokoza mtu aliyekuwa tayari anakuchukia. Manuizo haya yanataka umati. Kaa gizani juu ya ngazi, chagua mmoja katikati ya watano wanaoota moto, mtupie, kisha tulia. Hofu nayo ina kasoro ambayo haisemwi: anayekimbia anarudi, na wakati mwingine anakimbilia chumba ambacho wenzake wamelala.

Utulivu ni wa ajabu zaidi. Calm hudumu sekunde 60, lakini hukatika papo hapo ukimpiga uliyemtuliza. Ndiyo maana wajanja huitumia kwa ukatili: unamtuliza adui, anaacha mapambano, anaanza kutembea zake, unamzunguka kwa kunyata hadi mgongoni, na pigo moja la kisu linahesabiwa kuwa la kuvizia, ambalo ni zito mara kadhaa kuliko la kawaida. Mimi ninaiona hiyo ni hila ya kihuni, na nimeitumia sana.

Halafu kuna manuizo matatu unayojitupia mwenyewe. Muffle hufanya hatua zako zisisikike sana kwa dakika tatu. Invisibility hukuficha kwa sekunde 30, lakini ukifungua mlango, ukiokota kitu au ukipiga, umeonekana tena. Clairvoyance inachora njia ya mwanga chini kuelekea unakotakiwa kwenda, ramli ya njia, tuseme, na hainifurahishi, kwa sababu mwenye kazi ya kutafuta njia anapaswa kuwa mchezaji. Angalia kwamba Invisibility haizuii sauti. Wengi hujificha macho wakasahau buti za chuma. Muffle na Invisibility zinakwenda pamoja.

Turudi kwa jambazi wa pili.

Kila kiumbe Skyrim ana leveli yake, yaani namba ya ukali wake, na kila manuizo ya akili yana dari. Fury hufika leveli 6. Calm na Fear hufika 9. Frenzy hufika 14, Pacify na Rout 20, na yale ya ubingwa, yaani Mayhem, Hysteria na Harmony, hufika 25. Chini ya dari au sawa nayo, manuizo yanafanya kazi kikamilifu. Leveli moja juu ya dari, hayafanyi chochote. Hapa ndipo Mazingaombwe yanapotofautiana kabisa na Uangamizi. Moto ukimrushia jitu lenye nguvu unamuunguza kidogo. Kidogo hicho ukikirudia mara ishirini jitu linaanguka. Huwezi kumtuliza mtu nusu, kisha nusu nyingine ukammalizia kesho. Amekubali au hajakubali.

Majambazi wenyewe wamepangwa kwa ngazi na jina la kila mmoja linakuambia ngazi yake. Bandit wa kawaida ni leveli 1, Outlaw ni 5, Thug 9, Highwayman 14, Plunderer 19, Marauder 25. Sasa rudi kwenye ile kambi. Wa kwanza alikuwa Thug: leveli 9, dari ya Calm ni 9, akatulia. Wa pili alikuwa Highwayman. Kumi na nne. Uchawi haukukosea, hukusoma jina.

Na hapa kuna ukatili wa gemu unaoeleza kwa nini watu huipenda elimu hii siku ya kwanza na kuichukia baadaye. Dunia ya Skyrim inakua pamoja nawe. Wewe ukipanda leveli, majambazi dhaifu wanapungua na wakali wanaongezeka. Lakini dari ya Calm haipandi kwa sababu tu ujuzi wako umepanda kutoka 25 hadi 60. Kinachoongezeka kwa mazoezi ni wepesi: manuizo yanakula nguvu kidogo ya uchawi. Dari inabaki pale pale mpaka uiinue kwa makusudi, kwa vipaji, yaani nyongeza unazojichagulia unapopanda leveli.

Vipaji vinavyoinua dari vimetawanyika kwenye matawi mawili ya mti wa vipaji, na ndiyo maana watu huvikosa. Tawi moja linatazama ni nani unayempiga: Animage, unaofunguka ujuzi ukifika 20, unaongeza 8 kwa wanyama, Kindred Mage, kwenye 40, unaongeza 10 kwa watu. Tawi la pili linatazama ni hisia gani unaichezea: Hypnotic Gaze, kwenye 30, unaongeza 8 kwa utulivu, Aspect of Terror, kwenye 50, unaongeza 10 kwa hofu, Rage, kwenye 70, unaongeza dari ya hasira. Vinajumlishwa. Chukua Calm yenye 9. Ongeza Kindred Mage, inakuwa 19: Highwayman ameingia mkononi, na Plunderer naye. Ongeza Hypnotic Gaze, inakuwa 27, na Marauder wa 25, yule mkubwa wao wa kawaida, anachomeka shoka na kugeuka. Kwa manuizo ya bei nafuu kabisa ya utulivu. Aliyepanga namba hizi alikaa nazo chini.

Zipo njia nyingine za kuisukuma dari. Kipaji cha kurusha kwa mikono miwili kwa pamoja huipandisha zaidi ya maradufu, ingawa unalipa nguvu nyingi za uchawi. Kuna dawa ya kunywa: ua la Dragon's Tongue likichanganywa na uyoga wa Scaly Pholiota linatoa kinywaji kinachotia nguvu Mazingaombwe kwa muda. Na mchezaji akigeuka mnyonya damu, manuizo yake ya elimu hii yanaongezeka nguvu kwa asilimia 25, jambo ambalo linaingia akilini kwa mwindaji wa usiku anayetegemea watu wasipige kelele.

Kuna kipaji kimoja ambacho hakigusi dari kabisa na bado ndicho ningekipigania: Quiet Casting, kwenye 50. Bila hicho, kila unaponuizia sauti inatoka na walio karibu wanageuka. Ukiwa nacho, manuizo yako yote yanakuwa kimya, siyo ya Mazingaombwe peke yake bali hata ya moto na ya kuita wafu. Ndiyo maana hata anayejiita mchawi wa moto hupita kwenye elimu hii kuchukua kipaji hicho na kuondoka.

Baada ya dari kuna ukuta, nao ni mwingine kabisa. Makaburi ya Skyrim yamejaa draugr, wafu wa kale wanaoamka ukipita. Magofu ya Dwemer, taifa la kale lililotoweka, yamejaa mashine za shaba zinazotembea zenyewe. Halafu kuna Daedra, viumbe kutoka nje ya ulimwengu huu. Hao wote, leveli yoyote, Calm haiwagusi, Fear haiwagusi, Fury haiwagusi. Ukifuata hoja ya tangu mwanzo, kwamba elimu hii inageuza nia, utaona sababu: kwa kawaida wabunifu wanatuambia hapa hakuna nia ya kugeuza. Katika hadithi zetu za Kanda ya Ziwa msukule naye ni hivyo, mwili unaolima shamba la mtu usiku huku mwenyewe akiwa ameshachukuliwa; hakuna anayesimulia jinsi alivyombembeleza msukule akabadili mawazo. Kwa mashine na maiti nakubali. Kwa Daedra sikubali hata kidogo. Daedra wa Tamriel wanaongea, wanapanga, wanaweka visasi vya karne nyingi. Kama kuna viumbe wenye nia, ni hao. Nadhani waliwekwa kwenye kundi hilo kwa ajili ya ugumu wa mchezo tu, na hadithi ikaachwa ijitetee yenyewe.

Ukuta huo unavunjika kwa kipaji cha mwisho, Master of the Mind, kinachotaka ujuzi wa 90. Ukikipata, manuizo yako yanafanya kazi kwa wafu, kwa Daedra na kwa mashine. Ni furaha kubwa kuona draugr wawili wakikatana mapanga kwa ajili yako. Lakini dari bado ipo.

Swali linalobaki ni kwa nini elimu ya kugeuza nia ina ndani yake manuizo ya kufifisha hatua na kujificha. Jibu liko nyuma, kwenye gemu zilizotangulia. Katika Morrowind ya 2002, Mazingaombwe yalikuwa kapu kubwa: mwanga wa kuangazia njia, macho ya kuona gizani, kupooza, kumnyamazisha mchawi mwenzako, kumpofusha adui, kujifanya wa rangi ya mazingira kama kinyonga, kumpendeza mtu, pamoja na hasira, hofu na utulivu. Chochote cha mwanga, fahamu au nia kilitupwa humo. Wakati huo kulikuwa na elimu sita, na ile ya sita, Mysticism, ilikuwa kapu jingine lisiloeleweka.

Skyrim ilipanga upya nyumba. Mysticism ikafutwa, mali zake zikagawanywa: kunasa roho kukaenda kwa Uitaji, kuvuta vitu kwa mbali na kuhisi viumbe hai kukaenda kwa Ugeuzi. Kwenye Mazingaombwe, mwanga na kupooza navyo vikahamia Ugeuzi. Naona walikuwa sahihi. Taa inayoelea ni taa, iwe kuna mtu wa kuiona au hakuna, na aliyepooza amekamatwa mwili. Kuona gizani kukabaki kipaji cha kuzaliwa cha Khajiit, lile kabila la watu-paka. Ule ukinyonga ukaachwa kabisa, na aliyecheza Oblivion ya 2006 anajua kwa nini: ulikuwa unahesabiwa kwa asilimia, mavazi matano yaliyotiwa asilimia 20 kila moja yalikupa 100, na kuanzia hapo hakuna kiumbe duniani aliyekuona tena. Ungeweza kumpiga mtu usoni akabaki anajiuliza. Mchezo ulikuwa umekwisha.

Kilichobaki Skyrim, kwa hiyo, ni nia ya mwingine, pamoja na mabaki machache ya lile kapu la zamani yaliyopendwa mno kufukuzwa. Invisibility imetoka humo; Muffle ni mgeni aliyeongezwa kando yake.

Ninalolisikitikia ni Charm. Katika Oblivion ungeweza kumnuizia mwenye duka akakupenda zaidi, akakuuzia kwa nafuu, akakueleza siri. Skyrim haina hata moja ya namna hiyo. Kubembeleza kumeachiwa ujuzi wa kuongea. Kwa mtu aliyekulia huku Usukumani hilo ni pengo la ajabu. Nenda Bujora, pale Kisesa, kwenye makumbusho ya Wasukuma, uone habari za Bagika na Bagalu. Ni vyama viwili vya ngoma vyenye upinzani wa enzi na enzi. Baada ya mavuno wanacheza uwanja mmoja, saa zilezile, kila upande na ngoma yake, na mshindi ni yule aliyevuta watu wengi. Watazamaji ndio kipimo. Ndiyo maana kila upande una mbinu zake na dawa zake, ziitwazo samba, za kuvuta umati uache kule uje huku. Hakuna anayetishwa wala kukasirishwa. Miguu inageuka tu. Elimu ya kugeuza nia isiyokuwa na mvuto, iliyobakiza hasira, hofu, utulivu na ushujaa, imejifungia yote vitani, na mtu wa Bagika angeiona ni ya kijeshi mno.

Mahali pamoja Skyrim imeweka mazingaombwe ya macho hasa, kama ya yule bwana wa shuleni. Ujuzi wako ukikaribia kilele, Drevis Neloren, mwalimu wa elimu hii katika Chuo cha Winterhold, anakupa mtihani. Ndani ya chuo hichohicho, kwenye vyumba ulivyopita mara nyingi, vimefichwa vitabu vinne ambavyo jicho la kawaida halivioni. Anakupa uwezo wa kuona kwa muda kile ambacho wengine hawakioni, nawe unazunguka kumbi zilezile ukivitafuta. Ukivileta anakupa Hysteria, na baada ya hapo yuko tayari kukuuzia manuizo mengine ya ubingwa.

Kuufikia ujuzi huo si lazima uteseke. Manuizo ya akili yanakupa mazoezi yakimpata mtu, lakini Muffle haihitaji mtu: unajitupia mwenyewe, na ujuzi unapanda kwa kasi hata ukiwa peke yako barabarani. Tembea ukiirudia kila nguvu zinaporudi. Ukishaipata Harmony, nenda sokoni kwenye mji wa Whiterun saa za watu wengi na uitupe hapo. Inahesabu kila uliyemgusa. Inataka mikono miwili na muda wa kuivuta, ila sokoni hakuna anayekukimbiza.

Kwa anayeanza leo: kipaji cha kwanza kiwe kile cha kupunguza nusu gharama ya manuizo ya mwanzo, kisha Animage, si kwa sababu ya wanyama bali kwa sababu ndiyo njia ya kufikia Kindred Mage. Chukua Hypnotic Gaze mapema, inafunguka kwenye 30 tu. Hasira iache kwanza, kipaji chake kiko mbali. Kwenye makaburi ingia na moto, au na rafiki mwenye upanga, mpaka ujuzi ufike 90. Na hifadhi mchezo wako mara kwa mara; umeme ukikatika katikati ya kambi ya majambazi, hakuna manuizo ya kuurudisha.